Miiba ya Samaki

Siku tuliyomzika mke wangu, mdogo wake wa kike alinishika mkono akanikalisha. "Shemeji, acha kulia. Ile iko mwili tu. Yeye mwenyewe alishaenda juu."

"Na samaki ya liboke yenye alikuwa ananichomea, ni roho ilikuwa inaifunga kwa majani?" nikamuuliza.

"Bon, ameanza na vitabu vyake!" akawaambia waombolezaji, na wachache wakacheka.

Alitaka kunifariji, lakini sikuweza kukubali. Kwa miaka mingi nimekuwa nikijisomea habari za Wakristo wa karne za kwanza. Baadhi ya walimu wao walishikilia kwamba roho peke yake si mtu, na mwili peke yake si mtu. Mtu ni vyote viwili pamoja, ndiyo maana walingojea ufufuo wa miili. Mke wangu alipokuwa hai, hiyo kwangu ilikuwa hoja nzuri tu.

Wakati ule nilisoma hata mezani. Yeye, binti wa wavuvi wa maporomoko ya mto, alichambua samaki kwa vidole, akatoa miiba, akasogeza nyama upande wangu wa sahani, nami nikaendelea na ukurasa.

Siku hizi, hapa mtaani Tshopo, nakula peke yangu. Samaki anataka mikono yangu miwili na macho yangu yote, kwa hiyo kitabu hukaa kimefungwa mpaka nimalize. Watu wa kanisani bado huniambia kwamba roho yake iko salama. Naamini hivyo. Lakini mke ninayemngoja ana vidole.