Ndoa Niliyoiona Nikaikana

Mwanangu, ipo siku moja ambayo nikiikumbuka huweka sindano chini. Watu husema yaliyopita si ndwele. Haya yangu ni ndwele, na sijapona.

Nilikuwa bado kijana, nimetoka Bukavu si muda mrefu, nikishona hapa hapa Yeoville, Johannesburg, blauzi za sari ambazo mafundi wengi walizikwepa. Mteja wangu wa kwanza alikuwa Kamla, Mhindi mpole. Siku ya harusi yake alinichukua hadi Lenasia, mtaa wa Wahindi, nikamfunge pini za sari, na katikati ya ibada pindo likaachia. Basi nilikuwa nimepiga magoti nyuma yake, uzi mdomoni, wakati bwana harusi anamvisha mkufu shingoni. Walipoanza kuuzunguka moto wa ibada niliwafuata nimeinama, nimeshika pindo. Hakuna aliyeiona ndoa ile kwa karibu kuliko mimi.

Baada ya miaka kumi na mmoja alikuja dukani, mume kamfukuza. Alikuwa amefungua kesi ya talaka, na wakili wake ameiomba mahakama imwamuru mume amtunze kwa muda, yaani chakula, kodi ya pango na dawa zake za kisukari, mpaka kesi iishe. Mume akajibu kwamba hakuna talaka wala matunzo kwa kuwa hakuna ndoa, haikuandikishwa serikalini. Wakili alisema jaji angeweza kuyatoa matunzo hayo akionyeshwa kwamba walioana kweli kwa dini yao. Lakini kuhani aliyewaozesha alikuwa amekufa, picha zote anazo mume, ndugu za mume wamefumba midomo, na kwao Kamla hakubaki mtu hai. Nilibaki mimi.

"Andika ulichokiona tu," aliniambia. "Sikuombi zaidi."

Na mimi, mwanangu, nilikuwa nimeokoka mwaka ule, najua dini kuliko mchungaji. Nilijiambia kwamba nikiapa kuwa ile ni ndoa, nitakuwa nimeikiri miungu yao. Nikamjibu, "Dada Kamla, mimi niliona sherehe. Ndoa ni ya kanisani."

Hakubishana. Aliikunja karatasi ya kiapo, akaomba maji ya kumezea kidonge. Nikampa, na nikajiona mwema kwa hayo maji.

Mama Furaha, mzee aliyenifundisha kazi, alikuwa kwenye cherehani ya pili. Kamla alipotoka, aliisimamisha.

"Weye uliolewa kanisa gani?"

Mahari yangu ilikuwa ng'ombe wawili na pombe ya ndizi, wazee wakabariki, basi. Cheti sina hadi leo. Nyani haoni kundule.

"Eish, mutoto! Kesho bwana yako akisema hauko bibi yake, nani atakusemea? Mwenye shibe hamjui mwenye njaa. Kimbia, umufuate!"

Nilikasirika. Nikasema nitaliombea kwanza jambo hilo. Niliomba wiki tatu. Kumbe hata ndani ya maombi mtu anaweza kujificha.

Wiki ya nne nilikwenda kwenye chumba alichopanga mtaa wa Troyeville. Jirani akasema amerudi kwa mumewe. Nikapanda teksi mpaka Lenasia, nikamkuta uani anaanika mashati, mbele ya chumba cha nyuma ya nyumba, wanamolala wafanyakazi.

"Nimekuja kutia saini," nikasema.

"Ya nini sasa?" Hakuacha kuanika. "Jaji hakuona ushahidi, akakataa. Dawa ziliisha. Huyu bwana akasema nirudi, nitalala huku, nitakula, dawa nitapata, ila kwanza niandike. Nimeandika kwa mkono wangu kwamba sikuwahi kuwa mke wake."

Mwanamke mwingine akaagiza chai kwa sauti kutoka ndani, naye Kamla akaenda haraka. Nilibaki na mashati.

Alifia katika chumba kile. Mazishini nilisimama nyuma, nikasikia akitajwa kuwa mtu aliyewasaidia kazi za nyumbani miaka mingi. Nilikuwepo, mwanangu. Nilisikia, na hata hapo sikufungua mdomo.

Basi nisikilize, hata kama utanijibu kwa Kizulu kama kawaida yenu mliozaliwa Johannesburg. Ukiombwa kusema ulichokiona, kiseme siku ile ile. Anayeomba matunzo ya muda ana njaa leo. Ukweli wako wa mwezi ujao haumlishi. Usimpime mwenzako kwa kanisa lako wakati anakuomba ushahidi wa macho yako. Nanyi mnaooana kwa mahari na picha za simu, nendeni mkaandikishe. Mimi nimemwomba Mungu msamaha. Kamla sikumwomba, na sasa wa kumwomba hayupo.

Mungu akupe ulimi mwepesi kuliko wangu. Na siku utakapokanwa, akuinulie mtu mmoja atakayesimama mbele ya wote aseme: nilikuwepo, niliona.