Mfereji wa Kwenda Msalani

Jumatatu, tarehe 12 Agosti 2024, saa mbili na dakika kumi asubuhi, mashine ya msasa ilianza kunguruma sebuleni mwa Nyakerario, kule Nyanchwa. Ilinyamaza saa kumi na nusu jioni. Katika saa hizo bibi huyo, ambaye macho yalikwisha kumzimikia, alipokonywa njia yake.

Sakafu aliichagua mwenyewe, enzi zile akiona: mbao ngumu zilizotoka kiwandani zikiwa tayari zimepakwa vanishi. Kingo zake zilichongwa mshazari, hivyo kila zilipokutana mbao mbili pakawa na mfereji mwembamba. Nyakerario aliufuata mmoja kwa kidole gumba cha mguu, kutoka chumbani kwake hadi msalani, wala hakumsumbua mtu. Heshima yake yote ilipita humo.

Mkwewe Bochaberi, aliyehamia hapo na mumewe Haron ili wamtunze mama, aliichoka mifereji hiyo kwa kukusanya vumbi. Fundi Ombok alieleza kwamba angeweza kukwangua juu juu na kupaka vanishi mpya, mifereji ikabaki. Kama angeshuka hadi kwenye mti wenyewe, yote ingetoweka. Bochaberi akataka itoweke.

"Niachie mmoja tu, mwanangu," Nyakerario akamwambia Haron. "Huu wa kwenda msalani."

Haron akatazama simu yake. Mkewe ndiye aliyejibu.

"Mama, asiyeiona sakafu hawezi kutuchagulia sakafu."

Ombok akacheka kidogo, kama afanyavyo mtu atakaye kuitwa tena kazini, akawasha mashine.

Vanishi ikakauka. Alhamisi alfajiri Nyakerario alitoka chumbani, akapapasa kwa kidole. Palikuwa laini kama sahani. Akaenda huku, akagonga kabati la vyombo. Akarudi kule, akakumbana na ukuta asioujua. Mkojo haukumsubiri.

"Haron, njoo," Bochaberi akaita, bila kupaza sauti. "Mama ameibatiza sakafu yako. Tena ubatizo wa maji mengi, kama wa kanisani kwake."

Siku hiyohiyo wakamhamishia stoo, nyuma ya nyumba, karibu na kuku, penye saruji na ndoo. Majirani waliambiwa ni kwa usalama wake.

Agosti 2025, sebule ilitandikwa zulia toka ukuta hadi ukuta, kwa sababu Bochaberi aliona vanishi inateleza. Nyakerario alikuwa bado stoo.