Kibuyu cha Kukhu na Watu Wasionyamaza

Kibuyu kile kilinuka mkaa wa mti, maziwa yaliyoganda na kitu kingine ambacho mama alisema ni jasho la mikono ya mama yake. Kila mvua ya alasiri inapoanza kunyesha hapa Kitale, harufu hiyo hunirudia puani, na pamoja nayo hunirudia hasira. Watu wengi huandika juu ya utoto wao kwa kuutamani. Mimi nikiikumbuka likizo ile ya Agosti, nilipokuwa darasa la tano, ninachotamani ni kuwashika watu wazima wa nyumba yetu mmoja mmoja na kuwafunga midomo kwa kamba ya katani.

Kukhu, yaani bibi mzaa mama, alifariki Kamukuywa wiki ileile mama alipokuwa wodini akimzaa mdogo wangu. Hawakuagana. Kwa hiyo Kukhu alimwachia kibuyu chake. Ukoo wao ulivijua vibuyu vya namna hiyo na hakuna aliyeona ajabu: unafungua kifuniko, unasema ndani, unafunga, na maneno yanakaa humo kama maziwa. Ukitaka kuyasikia, unakipasha moto kidogo mekoni, kisha unafungua. Sauti hutoka nzima, pamoja na kikohozi chake na kuku waliokuwa wakilia uani siku hiyo, na ikishasikika hurudi ndani. Sharti lilikuwa moja tu, watu wanyamaze. Mtu akisema kifuniko kikiwa wazi, maneno yake huingia na kukaa mahali pa yale yaliyokuwa yakitoka wakati huo, na yale ya kwanza hayarudi tena. Sharti dogo hivyo, ungedhani watu wenye akili timamu wangeliweza.

Wa kwanza kushindwa alikuwa baba. Kwetu mwanamume hakai chumba kimoja na mama mkwe wake. Wakionana njiani, mmoja hukata kona na kupita migombani. Baba alitafakari sana kama sauti iliyomo kibuyuni ni mama mkwe au si mama mkwe, akakata shauri kuwa ni yeye, tena akiwa ameshakufa anastahili heshima zaidi. Akatoka nje. Mvua ilikuwa ikimwagika, naye akasimama chini ya ukingo wa bati, karibu kabisa na dirisha la jikoni. Mama akafungua. "Nafula, mwanangu," Kukhu akasema, nikamwona mama akiyashika magoti yake kwa nguvu. "Usilie kwamba hukufika. Mimi mwenyewe siku ile nilipoona..." Dirishani ikaingia sauti ya baba, akimwita mama kwa jina langu kama kawaida yake: "Mama Naliaka, sasa huyo mama anamaliza saa ngapi? Mvua inaninyeshea huku, bana." Kibuyu hakichagui, kikameza yote. Mpaka leo hatujui Kukhu aliona nini. Kwa heshima baba aliitoa miguu nje, mdomo akauacha ndani.

Mama alilia siku nzima, halafu akajipa moyo, maana maneno mengine yalikuwa bado yamo. Hapo ndipo alipofika Senge, dada yake baba, kutoka Webuye, kuja kusaidia kulea mtoto. Wahenga walisema debe tupu haliachi kuvuma, lakini Senge alikuwa debe lililojaa na bado likavuma. Aliapa atanyamaza. Akajijaza hindi la kuchoma mdomoni kama ushahidi. Kibuyu kikapashwa moto, baba akafukuzwa mpaka zizini, Kukhu akaagana nasi upya, tukapita pale penye malalamiko ya mvua, tukafika mahali papya kabisa. "Huyo mtoto," Kukhu akasema polepole, "jina lake nimemwekea. Mwiteni..." Senge akameza hindi. "Si huyo ni Kukhu kabisa, ati hata vile anavuta pumzi. Wee, kifo hakina adabu." Ndugu yangu alikaa bila jina la ukoo hadi Krismasi, na akaishia kuitwa jina alilolichagua Senge. Heri kujikwaa kidole kuliko ulimi, husema watu, lakini ulimi wa Senge ukijikwaa, wanaoumia ni wengine.

Mara ya tatu mama hakutaka mchezo. Baba alitumwa sokoni Ndalu, Senge akapelekwa shambani kuchuma kunde, na mlango ukafungwa kwa komeo. Tulibaki mama, mimi na mtoto aliyelala. Kukhu alifika mwisho. "Nafula, la mwisho ninalokuambia wewe peke yako ni hili," akasema. Mlango ukatikiswa. Walikuwa wamerudi wote wawili, wameloa, wanabishana ni nani aliyeacha gunia la mahindi nje. Mama akaruka juu. "Nyamazeni! Kwani hamwezi kunyamaza hata mara moja tu? Namsikiliza mama!" Alipomaliza, kibuyu kilikuwa kimya. Alikuwa amemfunika Kukhu kwa sauti yake mwenyewe. Alikiziba, akakiweka juu ya kabati, akaenda kufua nepi. Senge siku hiyo alikosa la kusema, nami nikamchukia hata kwa hilo.

Mama naye ametangulia, mwaka jana. Kibuyu kimenijia mimi. Siku hizi hatuhitaji vibuyu, simu huhifadhi kila kitu na hakuna anayekisikiliza. Senge, mzee sasa, hutuma sauti ndefu katika kundi la familia, na najua kwamba hakuna anayezifungua, kwa kuwa mimi mwenyewe sizifungui. Jumapili iliyopita mvua ilinyesha, nikakipasha kibuyu kwenye gesi. Kwa desturi mume wangu alipaswa kutoka nje, mama mkwe wake alikuwa karibu kusema. Badala yake mume wangu alikuwa kitini, vidude vya kusikilizia simu masikioni. Watoto wangu vilevile. Kukhu akasema usilie kwamba hukufika. Baba akalalamikia mvua. Senge akamsifu marehemu. Kisha akaja mama, sauti imejaa uchovu wa kuishi na sisi: nyamazeni, kwani hamwezi kunyamaza hata mara moja tu. Hakuna aliyeinua kichwa. Nilitaka kumjibu, nimwambie, mama, wamenyamaza wote, nyumba nzima. Nikaziba mdomo kwa mikono miwili, maana kifuniko kilikuwa bado wazi.