Nyumba Niliyoikosea Kwenye Televisheni

Kituo kilitangaza kwamba nimekwenda likizo. Sikwenda likizo. Niliondolewa, na sababu naijua vizuri kwa kuwa niliitenda mwenyewe, akili zangu timamu, asubuhi kweupe, nimepakwa poda usoni na nchi nzima inanitazama. Wakinirudisha leo nitaitenda tena.

Kabla ya televisheni nilikuwa mwalimu wa historia katika sekondari moja huko Temeke. Mtayarishaji wa vipindi, ambaye binti yake nilikuwa namfundisha, alinisikia kwenye mahafali nikiwaeleza wazazi ni akina nani walibeba mawe ya kujengea shule ile. Akasema ninafaa. Wenzake hawakukubaliana naye. Mmoja alisema lafudhi yangu ni ya bara mno, labda nisome bei za mahindi. Mwingine alisema nina sura ya mtu anayetaka kukagua madaftari. Nilimjibu kwamba ni kweli, na kama analo daftari alilete. Nikakaa kwenye kiti chao miaka saba, na lafudhi yangu ileile niliyotoka nayo kwetu kaskazini, mpaka wakazoea.

Naishi Goba, upande wa mlimani, ambako mvua ikinyesha magari hayapandi na sisi tunapanda kwa kushikilia ua wa jirani. Siku za kurekodi nilishuka na kandambili, viatu vya televisheni nimevibeba kwenye mfuko, nikaosha miguu kwenye bomba la fundi pikipiki aliyeko barabarani. Waliodhani mtangazaji anaishi kama anavyoonekana kwenye kioo walinicheka pale. Niliwaacha wacheke, maana nilikuwa nawahi kazini.

Kipindi chenyewe kilikuwa cha nusu saa, Jumapili jioni. Sikutaka habari za masultani na magavana, hao wana wasemaji wa kutosha. Nilitaka habari za mitaa: nani alichimba kisima, nani alifungua duka la kwanza la dawa, nani alizalisha watoto wa mtaa mzima kabla ya zahanati kufika. Nilijivuna sana kwamba nawaingiza watu wa kawaida kwenye historia. Nalisema hili ili ieleweke nilianguka kutoka urefu gani.

Safari moja tulikwenda Temeke kueleza habari za mama mmoja, marehemu sasa, aliyefundisha ngumbaru barazani kwake. Vijana wengi hawajui neno hilo. Ngumbaru walikuwa watu wazima wasiojua kusoma, na kulikuwa na enzi ambapo serikali ilitaka kila mmoja wao ajue. Mama huyu aliwafundisha wauza samaki na wapika vitumbua, jioni wakishamaliza kazi zao, kwa ubao uliotengenezwa kwa mlango mbovu.

Tulipofika, nyumba yake ilikuwa haitazamiki. Baraza imejengewa kibanda cha wakala wa pesa za simu, ukuta wote umepakwa rangi za tangazo, na mbele kumeegeshwa gari bovu lisilo na matairi. Mpiga picha alishusha kamera.

"Mwalimu, hapa hakuna picha," akasema. "Cheki ile nyumba ya tatu. Baraza safi, mlango wa zamani, jua linaipiga freshi. Simama pale, mie nimalize kazi."

Watu wa televisheni tuna tabia hiyo. Picha ikikataa penyewe, tunahamia panapofanana, na tunajiambia mtazamaji hana futi kamba. Nilishawahi kuifanya bila kusema uongo: unasimama nyumba ya jirani na unazungumzia mtaa kwa jumla. Siku ile nilinogewa. Niliweka kiganja kwenye ukuta wa watu, nikasema ni hapa, kwenye baraza hii, ndipo mama yule alipokaa na chaki yake. Mpiga picha akainua dole gumba. Tukala mihogo ya kukaanga, tukaondoka tumeridhika.

Miezi michache baadaye niliitwa mapokezi. Alikuwa mama wa miaka sabini na kitu, khanga mbili, mkoba ameubana kwapani.

"Shikamoo mama," nikasema.

"Marahaba mwanangu. Wewe ndiye uliyemhamisha mama yangu?"

Alikuwa binti pekee wa yule mwalimu wa ngumbaru. Akanieleza kwa sauti ya chini, bila matusi, jambo ambalo liliniumiza zaidi. Serikali ya mtaa wao ilitaka kumwekea mama yake jiwe la kumbukumbu, na jiwe lilikuwa linakwenda kwenye nyumba ya tatu. Alipokwenda ofisini kupinga, mtendaji wa mtaa alitoa simu akamwonyesha kipindi changu.

"Ananiambia, bi mkubwa, televisheni imeshasema. Namwambia mie nimezaliwa mle, mama yangu amefia mle. Ananiambia huo uzee, watu mkizeeka mnachanganya."

"Basi tutawaambia walihamishe jiwe, mama."

"Jiwe wakalitupe baharini. Mie nataka waache kuniambia sijui nilikozaliwa."

Niliona aibu, na kwangu aibu haikai muda mrefu kabla haijageuka hasira. Nilijikasirikia mwenyewe kwanza. Mama huyu alikuwa na nafasi yake kwenye historia kabla sijafika, na mimi, mwingizaji wa watu wa kawaida, ndiye niliyemtoa. Nikapanda ghorofani kwa mkuu wa vipindi.

Mkuu wa vipindi ni kijana anayeniita mama kwa heshima na kunikatalia kwa heshima hiyohiyo. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Mama, hii ni ishu ndogo. Tunaitoa video mtandaoni, basi, imekwisha."

"Haijaisha. Mtendaji anayo kwenye simu yake, na jiwe linawekwa wiki mbili zijazo. Nataka niseme hewani kwamba nilikosea."

"Ukisema ulikosea hii, watauliza na nyingine zote."

"Waulize."

"Utakiua kipindi."

"Nitakuwa nimekiua mimi. Nilikizaa mimi."

Hakucheka. Alinikataza, na kesho yake akanikataza tena kwa maandishi, na muhuri juu yake.

Wiki ileile nilipangiwa kukaa kwenye kipindi cha asubuhi, kile kinachorushwa moja kwa moja, kuwaeleza watu habari za msimu mpya. Nadhani walisahau, au hawakuamini kwamba mwanamke anayejua shida za mjini anaweza kuichezea kazi yake. Niliogopa, nisidanganye. Mwanangu wa mwisho alikuwa bado chuoni, na hakuna kituo kinachomtafuta mtangazaji mpya wa miaka hamsini na mbili. Lakini nilipofikiria yule mama anavyoambiwa amechanganya, na ushahidi ni mkono wangu ukutani, hofu ilikosa pa kukaa.

Mtangazaji mwenzangu aliniuliza tutegemee nini msimu huu. Nikasema kabla ya msimu mpya nina deni la msimu uliopita. Nikaeleza yote: nyumba haikuwa na picha nzuri, tukahamia nyumba ya tatu, nikaweka mkono pasipo penyewe nikijua kabisa. Sikumtaja mpiga picha, maana mdomo ulikuwa wangu. Kwenye kifaa cha sikioni mtu alikuwa anapiga kelele nirudi kwenye mada. Nilikivua, nikakiweka mezani karibu na kikombe. Nikasema binti wa mwalimu yule yuko hai, anajua alikozaliwa, na anayetaka ukweli amuulize yeye na asiniulize mimi. Kisha wakaweka tangazo la sabuni.

Barua ya kuniondoa ilikuwa tayari kabla sijamaliza kufuta poda. Nililia ndani ya bajaji mpaka Goba, kwa sauti, na dereva akaongeza muziki ili kunisitiri. Nilikuwa nimeipenda kazi ile. Ila sikujutia hata neno moja, na walioniambia baadaye kwamba ningetafuta njia ya upole niliwauliza upole huo ungemfaa nani.

Siku mbili kabla ya jiwe kuwekwa nilimfuata yule mama, tukaenda pamoja ofisi ya mtaa. Mtendaji alikuwa ameniona asubuhi ile. Alitukaribisha kwa haraka, akanivutia kiti mimi, akafungua daftari.

"Haya Mwalimu," akaniambia, "tuelekeze wewe. Nyumba yenyewe ni ipi?"

Mama alikuwa amesimama kando yangu, mwenye mama yake na mwenye nyumba yake, na bado swali limekuja kwangu. Nilikisogeza kile kiti nikampa yeye akae, nikabaki nimesimama.

"Mimi si wa hapa," nikamwambia mtendaji. "Nilipita siku moja nikaharibu. Muulize mwenyewe."

Mtendaji alinitazama, kisha akamgeukia mama, akakohoa. "Shikamoo, bi mkubwa."

Mama hakuiitikia ile shikamoo. Aliweka mkoba magotini, akalitazama daftari, akamtazama na yeye.

"Nimezaliwa chumba cha pili, mkono wa kushoto ukiingia," akasema. "Andika."

Mtendaji akaandika.