Cha Kupanda Kando ya Utupa

Jani la utupa ukilifikicha linatoa harufu ya maharagi mabichi yaliyoanza kuoza, harufu inayong'ang'ania vidole hata baada ya kunawa kwa sabuni. Hiyo ndiyo harufu ya nyumbani kwetu Kasongo, mvua za kwanza zilipoanza, mwaka niliofikisha miaka kumi. Mama alikuja kuolewa kutoka kwao Kabambare na mbegu zake zikiwa zimefungwa kwenye pembe ya kitenge. Utupa aliupanda nyuma ya nyumba, ukawa mrefu kuliko yeye, na maua yake ya zambarau yalisimama wima kama mishumaa. Kwao karibu kila mwanamke alikuwa nao. Ulifukuza fuko kwenye mihogo, na wakati wa kiangazi wanawake walitwanga majani yake wakayatia kijitoni, samaki wakalewa na kuokotwa kwa vikapu.

Shida ya utupa ni majirani wake. Mama hakuruhusu kando yake mmea wowote ambao jani lake linaliwa. Lengalenga, yaani mchicha, hapana, matembele hapana, maana utupa una sumu na mkono wa mtoto unachuma bila kutazama. Hata mihogo aliiweka hatua mbili mbali, na majani yake ya sombe aliyachuma upande wa pili tu. Karibu kabisa na shina aliweka mananasi, kwa sababu nanasi huwezi kulichanganya na kitu kingine, na miiba yake inamrudisha mtoto nyuma. Aliniambia haya mara nyingi, na nilisikia vizuri. Lakini mimi nilitaka maua.

Niliomba miche ya maua ya njano shuleni, nikaipanda chini ya utupa bila kumuuliza mtu. Kivuli kikainyong'onyesha. Nikachukua panga, nikakata matawi ya utupa ili jua liingie, nikayaponda kwa mgongo wa panga kwa mchezo tu, kisha nikayasukumia yote mtaroni. Mtaro ule ulishuka moja kwa moja hadi kwenye bwawa dogo la samaki la baba mkubwa, kaka yake baba. Mchana mvua ikanyesha. Asubuhi samaki walikuwa wanaelea, matumbo juu.

Baba alikuwa Salamabila akichimba dhahabu, kwa hiyo Mama alisimama peke yake walipoingia uani: baba mkubwa mbele, kisha mke wake, na shangazi yangu, dada yake baba, pamoja na majirani waliokuja kutazama.

"Wewe bibi ya Kabambare," alianza baba mkubwa, hata salamu hakutoa, "hii miti iko ya bulozi. Umeniulia samaki juu ya wivu. Unaing'oa leo, ao unarudi kwenu."

"Na mutoto?"

"Mutoto anabaki. Iko wa kwetu."

Nilikuwa nimejificha nyuma ya Mama. Nilielewa kwamba nikinyamaza, jioni hiyo nitakuwa nakula kwa mke wa baba mkubwa. Nikatoka mbele. "Ni mimi nilikata. Ni mimi nilitupa ku mutaro."

Mama akanigeukia akanipiga kofi moja zito, mbele ya wote. Kisha kwa mkono ule ule akanivuta ubavuni kwake, na hakuniachilia tena.

"Mumesikia," akasema. "Mutoto amekosa, nimemupiga. Bulozi iko wapi?"

"Mulozi haendi mwenyewe," shangazi akadakia. "Anatuma mutoto."

Mama akanusa hewa. Kutoka jikoni kwa baba mkubwa ilikuja harufu ya mawese na samaki. "Dada, hao samaki ya bulozi munakaanga ya nini? Ao bulozi ikipata chumvi inakuwa mboga?"

Majirani wakacheka. Shangazi akapangusa mdomo.

"Ng'oa!" akafoka baba mkubwa.

"Sing'oi. Ng'oa wewe, shemeji. Miti iko pale, jembe iko pale."

Hakuna aliyesogea. Walikuwa wameshatangaza mbele ya mtaa mzima kwamba mti ule ni wa walozi, sasa nani angeugusa kwa mikono yake? Baba mkubwa alimtazama mkewe, mkewe akamtazama shangazi, shangazi akaanza kufunga upya kitenge chake kilichokuwa kimefungwa vizuri tu. Mwishowe waliondoka, wakiapa kwamba watarudi na mchungaji. Hawakurudi. Kesho yake Mama alinichimbisha mashimo kando ya mtaro mzima, tukapanda mchaichai, si wa kunywa, umesongamana, ili jani lolote likianguka linaswe hapo. Maua yangu aliyahamishia mlangoni penye jua.

Sasa mimi ndiye mama, mtoto wangu ana miaka miwili, na ukoo wa mume wangu unataka utupa wangu ung'olewe. Zamani angalau walikuja kwa miguu yao wakakutukana usoni. Siku hizi shemeji yangu, kaka yake mume wangu, ananitumia ujumbe wa sauti kwenye simu, ananiita muuaji wa watoto, na mume wangu ananiambia ning'oe tu tupate amani. Amani ya nani? Shemeji huyo huyo ana dawa ya wadudu aliyoinunua sokoni, imemiminwa kwenye chupa ya soda, haina hata karatasi ya jina, na ameiweka chini ya kitanda wanacholalia watoto wake watatu. Hiyo haiitwi bulozi, kwa sababu imeletwa na mwanaume. Mti niliouzungushia ulinzi, ambao kila jirani yake nimemchagua kwa kichwa changu, ndio unaoitishiwa kikao. Nimemjibu kwa ujumbe wa sauti pia, mfupi: akaitoe kwanza ile chupa chini ya kitanda, halafu aje mchana, nikiwepo, anieleze mambo ya bustani yangu.