Machozi ya Bibi Harusi pale Kigongo

Mjukuu wangu, nakumbuka Jumamosi moja asubuhi tukisubiri kivuko pale Kigongo, mimi nikiwa ndani ya shela, na foleni ya magari imefika hadi kwenye vibanda vya wauza samaki. Ninyi siku hizi mnavuka kwa daraja, foleni kama ile hamtaikalia tena. Jana ulikuja kunionyesha kitambaa cha sare ya wapambe, ukaniuliza viatu vya rangi gani vitakaa nacho vizuri. Nikakujibu vya dhahabu, ukaondoka umeridhika. Ulipoondoka nikaona kama sijakujibu kitu. Rafiki yako kakuchagua uwe mpambe wake, na kazi hiyo naifahamu kwa sababu mpambe wangu mimi alikuwa Koku.

Koku tulikua naye Igoma, nyumba zetu zimepakana. Baba yake na wangu walitoka Bukoba, wakasali kanisa moja la Kilutheri. Alikuwa mfupi, sauti kubwa, na kusuka nywele alikuwa hajui hata kidogo, kwa hiyo mama hakuelewa kwa nini namtaka yeye. Mama alimtaka binamu yangu mrefu, atakayependeza kwenye picha. Nilikataa, na katika harusi yangu nzima hilo ndilo jambo pekee nililolikataa.

Maana mengine yote yalipangwa na wakubwa. Mchumba alikuwa mwalimu huko Sengerema, mtoto wa rafiki yake baba. Tulionana mara chache, sebuleni, wazee wamekaa katikati yetu. Niliulizwa habari za gauni, nikaulizwa keki, nikaulizwa shela iwe ndefu kiasi gani. Kama namtaka yule kijana, hapana, hakuna aliyefika huko.

Sasa desturi yetu Wahaya unaijua: binti akitoka kwao kwenda kuolewa, sharti alie. Asipolia watasema alikuwa na haraka. Mama hubaki nyumbani, na anayekupeleka ni shangazi. Basi nililia mlangoni kwetu, shangazi akafurahi. Nikalia njia nzima hadi Usagara, shangazi akawaambia wenzake garini kwamba huyu binti kalelewa. Tulipofika Kigongo bado nalia, na wanawake waliokuwa kwenye foleni wanachungulia dirishani wakinisifu. Mimi nakufa kwa hofu, wao wananipigia vigelegele. Ningewaambia nini, wakati kulia ndiko walikokutaka?

Kitambaa cha kunifuta alikuwa nacho Koku. Alinifuta, akaniangalia, akanifuta tena, halafu akaacha. Akamwambia shangazi, kwa adabu zote, kwamba bibi harusi anataka kujisaidia. Shangazi akanung'unika kuhusu gauni na vumbi, lakini angefanyaje. Koku akanipeleka kwenye kibanda cha mama mmoja aliyekuwa akiwapikia abiria chai, akamwamkia shikamoo, akamwomba atupishe kidogo, akafunga mlango, akaniinulia shela usoni.

"Haya si machozi ya kuaga," akasema. "Huyu mwanaume unamtaka?"

Nje honi zilikuwa zinapigwa, kivuko kimekaribia.

"Ukisema humtaki, natoka mimi kwanza nikawaambie. Wakitaka kupiga mtu, watanipiga mimi. Halafu tunarudi Igoma, hata kwa miguu."

Na hakuwa anatania, namjua. Nikakaa juu ya ndoo iliyogeuzwa, gauni nimelikusanya mapajani, nikamfikiria yule kijana kwa mara ya kwanza pasipo mtu kunisukuma. Nikakumbuka siku ya mahari. Wakubwa walikuwa wanabishana, mimi nimesimama na birika mpaka mkono umechoka. Yeye ndiye aliyeinuka akanipokea, mbele ya wajomba zake, wakamcheka, naye akaendelea kuwamiminia chai.

"Namtaka," nikamwambia Koku. "Ila naogopa."

"Basi tutaogopa wote," akasema, akanipaka poda vibaya vibaya, nikacheka.

Kufungua mlango, shangazi huyo hapo. Alikuwa amesikia kila kitu. Nikasubiri kukemewa, lakini akainama akalikung'uta gauni vumbi, tukarudi garini. Kivuko kilipofika katikati ya maji, alisimama kando ya gari, akaangalia Busisi, ng'ambo tulikokuwa tunakwenda.

"Mimi hakuna aliyeniuliza," akasema. Halafu akachukua kile kitambaa mkononi mwa Koku, akajifuta yeye.

Kanisani nilisema ndiyo, watu wa nyuma wakasikia. Na babu yenu tumegombana kama wengine wanavyogombana, lakini kila hasira iliponipanda nilijua kwamba kule sikupelekwa, nilikwenda. Mwaka ule wa kwanza Koku alikuwa akivuka kuja kunitazama, anakaa jikoni nami mpaka nimalize ya moyoni. Baadaye akaenda kufundisha Bukoba, akaolewa huko, na huko ndiko tulikomzika. Juzi wajukuu wenzako wamenivusha kwa daraja, gari halikusimama hata kidogo, wakashangilia. Mimi nilitamani foleni. Nilitamani tukae pale tuchoke, nimwone Koku anashuka kwenda kununua karanga na kubishana bei. Namkumbuka sana, mwanangu. Watu wengine nawaambia nusu, yeye nilikuwa namwambia yote.

Kwa hiyo nguo shona, na viatu nunua. Beba pini, maji na mrija, simu ya bibi harusi kaa nayo wewe, mpiga picha akimsumbua mwambie asubiri. Lakini kabla rafiki yako hajatoka kwao, mtafutie chumba, funga mlango, umuulize. Usimuulize mbele ya mama yake, wala usimtumie ujumbe wa simu. Na kama huko tayari kushuka naye garini, usimuulize kabisa, maana utakuwa unamtesa tu. Akisema ndiyo, mfute uso mwende. Harusi ikiisha na wageni wakishasahau, mtembelee, ukae naye jikoni.

Mungu akupe macho ya kuyatambua machozi ya mwenzako, akupe na sauti ya kuwakabili wakubwa bila kuwavunjia heshima. Na siku yako ikifika, mwanangu, akujalie mtu wa kukuuliza.