Zarina wetu, aliyetufundisha Kikachi Kasulu

Jamani, akili imegoma kabisa. Juzi tu Zarina kanitumia meseji, "Shoga, usisahau zamu yako kwa Ma," na leo tumetoka kumzika. Moyo ulisimama jana asubuhi, akiwa Kibondo anajiandaa kwenda field.

Kwa msiomjua: tulikuwa ofisi moja ya kuhudumia wakimbizi tangu 2012, wakati kambi ya Mtabila inafungwa. Yeye logistics, mimi data. Mhindi mzaliwa wa Kasulu, marehemu baba yake alikuwa na duka la vitenge, na Kiha alikiongea mpaka bibi zetu wanageuka kumwangalia!

Ma ni mama yake mzazi. Mwaka jana alipata kiharusi, na alipozinduka Kiswahili chote kilikuwa kimefutika. Kilibaki Kikachi, lugha aliyonyonya nayo.

Kaka zake Zarina wamekulia Dar, Kikachi hawakijui. Kwa hiyo Ma akiomba maji, hapa mjini wa kumwelewa alikuwa Zarina peke yake, na Zarina kila wiki yuko Kibondo.

Mnajua alifanya nini? Alitugeuza wanafunzi! Saa ya lunch, wali maharage mezani, anagonga sahani: "Leo hakuna umbea. Leo Kikachi."

Mimi nikajitia mjuaji kwa sababu ya filamu za Kihindi. Nikaanza kuhesabu, "ek, do..." Weee! Hakuniacha nimalize.

"Hicho Kihindi, Edita. Kigujarati ni ek, be. Sisi Wakachi, hakdo, ba." Hapo kichwa kikawaka moto! Kumbe hawa tunaowaita Wahindi tu wana lugha zao kibao!

Nikamuuliza, sasa Kikachi na Kigujarati ni kama Kiha na Kirundi?

"Wapi! Wewe na Mrundi mnasikilizana bila shida. Chukua Kiha na Kihaya, ndugu wa mbali. Ndugu yetu wa karibu ni Kisindi. Wagujarati ni majirani, tumekaa nao mpaka tukaazimana maneno. Bibi zangu nyumbani waliongea Kikachi, wakishika kalamu wanaandika Kigujarati."

Siku aliyotuambia kwamba maneno "gari" na "laki" tunayoyataja kila siku yametoka huko kwao, nilipiga kelele mpaka boss akatoka ofisini kuuliza kuna nini. Kumbe tulishaanza darasa siku nyingi!

Basi nikapelekwa kwa Ma kwa mara ya kwanza. Nikaingia na "ki aiyo?", yaani hujambo. Ningeishia hapo ingetosha.

Lakini mimi Muha, salamu moja kwa mtu mzima ni dharau! Nikapiga magoti, nikapiga makofi, nikaendelea: nyumba ki aiyo? Shamba ki aiyo? Ng'ombe ki aiyo?

Ma hana hata kuku. Alinitumbulia macho, halafu akacheka mpaka akakohoa. Zarina alikimbilia uani kulia, maana hajasikia kicheko cha mama yake tangu augue.

Toka siku hiyo tukapangiana zamu. Mwaka huu wakimbizi wameingia kwa wingi kutoka Burundi, kazi haina weekend, lakini Ma hakukosa mtu wa kuongea naye. Zarina alihakikisha hilo kuliko alivyojali kula.

Sasa leo asubuhi. Nyumba imejaa, kaka zake wamefika wanalia, na Ma yuko chumbani hajaambiwa. Watoto wake wa kuwazaa hawana lugha ya kumwambia. Watu wote wakanigeukia mimi.

Nikakaa kitandani kwake. Zarina alitufundisha maji, dawa, njaa, hapa panauma, nigeuze. Neno la kufa hakutufundisha. Nani angelifikiria?

Nikaunga nilivyoweza. Zarina. Nyumbani. Hapana, harudi.

Ma akalitaja neno lenyewe, polepole, ili nilishike. Nikalirudia. Akaitikia kwa kichwa, akanishika mkono, ndipo akalia. Nimeumia, sitaki kudanganya.

Zarina, sikiliza hii sasa! Baada ya mazishi kaka yako mkubwa kanivuta pembeni: "Dada Edita, tunataka kukaa na Mama. Tufundishe na sisi."

Unaona mambo hayo? Wakachi wanafundishwa Kikachi na Muha! Ungecheka mpaka mbavu ziume.

Kwa hiyo usihangaike, mwalimu wangu. Darasa linaanza kesho, na nitawaanzishia na maji, maana hilo ndilo analoomba akiamka. Pumzika, Zarina. Ma hatakaa na kiu.